Mama Mkwe Kwenye Kiti cha Mama Mzazi

Nilipotimiza miaka arobaini na minane niliamua kwamba nitafanyiwa kicheni pati, na asiyetaka anune.

Mara ya kwanza niliolewa bila hata kikombe cha chai cha kuniaga. Nilikuwa na mimba ya miezi minne, mchungaji alikuwa na haraka kuliko sisi wenyewe, na viatu nilivyovaa vilikuwa vya shangazi. Vilinibana nikaingia kanisani nikichechemea, watu wakadhani ni aibu. Mama yangu mzazi alifariki nikiwa kidato cha pili, kwa hiyo hapakuwa na mtu wa kusema jamani, huyu mtoto tumfunde kidogo kabla hajaenda kutuaibisha. Nilifika Haneti kwa wakwe zangu sijui hata kusonga ugali wa uwele. Siku ya kwanza nilisonga uji, nikauita ugali, nikaupakua.

Aliyenifunda ni mama mkwe. Nimtaje mapema, kwa sababu habari yote hii ni yake. Mume wangu alifariki kwa maradhi miaka tisa iliyopita, na watu walitegemea kwamba mimi na mama yake tutaachana taratibu, kwa kupunguza salamu kidogo kidogo. Haikuwa hivyo. Kila baada ya miezi mitatu huja mjini kliniki ya macho, anashuka na jogoo kwapani, anasema anakaa wiki moja, na wiki inakuwa tatu. Nyumbani kwangu Nkuhungu ana chumba chake, dirisha linatazama barabara, na kitanda alikichagua mwenyewe dukani baada ya kumtesa muuzaji asubuhi nzima. Pale dirishani ndipo anapousimamia mtaa wetu. Anajua nani amekopa mkaa na nani anamkwepa mchungaji.

Kwa kawaida mke wa mtu huongea na mama mkwe macho chini. Sisi tulishindwa zamani. Anasema ugali wangu mpaka leo una haraka ya harusi yangu, nami namwambia ukaidi wa mwanawe haukutoka mbinguni, ulitoka Haneti. Akija ofisini kwetu humgombeza mlinzi kwa viatu vichafu, kisha huingia masjala, ninakofanya kazi, akajilaza kwenye benchi la wageni huku akitafuna karanga. Ofisi nzima ilijua huyo ni mama yangu aliyenizaa. Sikuwahi kumsahihisha mtu. Sikuona kilichokosewa.

Kwa hiyo uelewe hofu yangu. Kuolewa sikuogopa. Niliogopa kumpoteza huyu mama.

Bwana mwenyewe ni mgane wa Hombolo, dereva mstaafu, sasa analima zabibu. Alinichumbia shambani kwake, mkono mmoja una mkasi wa kupogolea na mwingine anajikuna shingo, na aliongea kwa mkato, utadhani anaripoti gari bovu. Nilimpenda kwa hilo. Nilimkubali kwa sharti moja, ambalo nitalitaja mahali pake. Wanangu watatu niliwaambia na wakakubali. Wa mwisho aliuliza tu kama huyo baba ana king'amuzi. Aliyebaki kuambiwa ni Mama.

Nilikwenda Haneti mara tatu kumwambia. Mara ya kwanza nilimkuta anapepeta uwele, akanipa ungo, na mtu hawezi kutamka neno harusi na makapi mdomoni. Mara ya pili alinipeleka kwenye kaburi la mume wangu kunionyesha alivyolipalilia, likiwa safi kabisa. Nikarudi mjini nimeufyata. Mara ya tatu nilijikaza, nikaanza, "Mama, kuna jambo," na yeye akanikata kwa habari ya jirani yake. Mkwe wa huyo jirani alifiwa na mume, akaolewa tena upande wa Singida. "Ameolewa," Mama akasema, akasonya. "Haonekani tena. Hata salamu." Halafu akasonya mara ya pili, kwa kirefu. Nilichukua pochi yangu nikasema basi litaniacha. Nilielewa kwamba kwake mjane anayeolewa tena ni mtu wa kusonywa, na sikutaka kusonywa na mtu ninayempenda namna ile.

Wakati huo huo kule mjini kamati ilishaundwa. Mwenyekiti alikuwa dada mmoja wa idara ya manunuzi, mtu mwema mno, mwenye sauti ya kuita watu waliovuka barabara. Ndani ya siku mbili kulikuwa na kundi la wasapu, sare ya rangi ya zabibu, na ugomvi kuhusu kilemba. Nilipowaambia kwamba mimi sufuria ninazo, na bwana harusi naye sufuria anazo, na kwamba tukiziunganisha tunaweza kupikia msiba wa wilaya nzima, walinijibu kwa picha za vikaragosi vinavyocheka na kuendelea kupanga nani alete seti gani. Nisiwe mnafiki, nilikuwa nafurahi. Usiku nilijaribu kilemba mbele ya kioo.

Mwenyekiti aliniuliza mara moja tu, tukiwa kwenye foleni ya chai: "Mama naye kadi yake tunafanyaje?" Nikasema tutaangalia, nikageuza mazungumzo kwenye chapati. Hapo ndipo nilipojichongea. Kwa sababu mtu wa manunuzi ukimwambia tutaangalia, anaelewa kwamba kazi hiyo ni yake.

Jumatatu iliyofuata aliingia masjala anang'aa.

"Shoga, nimekufanyia sapraizi," alisema. "Jumamosi nilikwenda Haneti na mume wangu. Nimempelekea mama yako kadi yake, na kitenge cha mama wa bibi harusi, kile cha dhahabu peke yake."

Nilikuwa nimeshika faili. Nililiweka mezani polepole, kisha nikalinyoosha, kisha nikalinyoosha tena. Niliomba kuiona kadi, akanitolea nakala nyingine mkobani. Ilikuwa na maua, na juu yake imeandikwa kwamba mama mzazi wa bibi harusi mtarajiwa ana furaha kubwa kukualika katika sherehe ya kumfunda binti yake. Na hapo kwenye mama mzazi limeandikwa jina la mama mkwe wangu, herufi za dhahabu.

"Amesemaje?" niliuliza.

"Mama yako ana utani yule. Amevaa miwani, akaisoma mpaka mwisho, akaigeuza kuona nyuma. Akauliza bwana harusi ni wa wapi. Nikamwambia Hombolo. Akauliza ana ng'ombe au hana. Nikamwambia ana zabibu. Akasema, 'Zabibu hazikamuliwi maziwa,' halafu akanipa jogoo."

Nilimwambia akae. Nilimwambia yule si mama yangu, ni mama wa marehemu mume wangu, na habari ya harusi alikuwa haijui. Mwenyekiti alikuwa na andazi mkononi. Alilirudisha kwenye mfuko, akaufunga mfuko, akasema kwa sauti ndogo ambayo sikujua kama anayo, "Basi mimi nimekwenda kumwalika mama wa watu awe mwenyeji wa harusi ya mke wa mwanawe."

"Ndiyo."

"Na jogoo nimemla."

Kosa lilikuwa langu kwanza, lake la pili. Nilitoka nje, nikasimama nyuma ya jengo, nikapiga simu Haneti.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Kitenge kizuri. Ila fundi wa huku mikono anaiharibu."

"Mama, naomba nikueleze."

"Huo ukumbi una viti vya kuegemea? Mgongo wangu unaujua."

"Vipo, mama. Sasa hili jambo la kadi..."

"Chaji inaisha," akasema, akakata.

Kwa wiki mbili nilipiga, na kwa wiki mbili chaji iliisha. Simu ile ninaijua, nilimnunulia mimi, inakaa na chaji hadi siku ya nne. Akisimulia habari za kuku haiishi. Nikitamka harusi, inazima hapo hapo. Siku moja aliniuliza sare ni rangi gani, siku nyingine kama kutakuwa na pilau au wali mweupe, na kila nikivuta pumzi nianze kuungama, chaji. Alikuwa ananichoma kwa moto mdogo, na alijua kabisa anachofanya. Nilikonda. Gauni lilipunguzwa kiunoni mara mbili, fundi akanisifu.

Nilifikiria kwenda mwenyewe nikapige magoti. Mwenyekiti alisema twende wote, yeye atapiga magoti mbele. Lakini tukaogopa. Wanawake wawili wenye vyeo na watoto, tunaogopa bibi mmoja wa Haneti.

Siku ikafika, Jumamosi saa nane mchana, kwenye ukumbi mmoja wa mjini. Somo tuliyemkodi anifunde alikuwa binti wa miaka ishirini na saba hivi, mwenye kucha ndefu ambazo hazijaonja maji ya vyombo na, kama nilivyokuja kujua baadaye, hajaolewa. Utaratibu wake ulikuwa kwamba mwali anaingizwa amefunikwa kanga mbili, anaketishwa mkekani, anafundwa hivyo hivyo gizani, na mwishoni mama yake ndiye anayemfunua. Nikaingizwa kwa vigelegele. Chini ya kanga huoni kitu ila miguu. Niliona viatu vya dhahabu vya Mwenyekiti, niliona miguu ya wifi zangu watarajiwa kutoka Hombolo, imejipanga mstari mmoja. Na mbele kabisa, kwenye kiti cha mama, niliona raba nyeusi za shambani zilizosuguliwa zikang'aa, na juu yake pindo la kitenge cha dhahabu. Amekuja. Sikujua kama nishukuru au nikimbie na mkeka.

Somo akaanza. "Mwali, mumeo akirudi kazini, mpokee mkoba." Nilimfikiria wangu, anarudi na bomba la dawa mgongoni na udongo hadi magotini, nikajiuliza nianze kupokea wapi. "Usimpokee kwa matatizo. Umeme umekwisha, gesi imekwisha, hayo siyo maneno ya mlangoni."

"Na kama gesi imekwisha kweli?" sauti ikauliza. Niliijua.

"Anasubiri mume ale kwanza, mama," somo akajibu kwa upole.

"Atakula nini na gesi imekwisha?"

Ukumbi ulicheka hadi somo akakohoa. Akahamia kwenye usafi wa jiko, Mama akamwambia aonyeshe mikono yake. Akahamia kwenye mapishi, Mama akamuuliza mlenda mkavu unawekwa kabla au baada ya karanga. Binti akasema hilo watalirudia. Mwishowe, ili kujiokoa, akatangaza kwamba sasa tunaingia chumbani, na kwa heshima akina mama wazazi wanaombwa watoke nje kidogo wakapate soda.

Miguu mingi ya wazee ilitoka. Raba nyeusi hazikusogea.

"Mama, na wewe," mshereheshaji akamkumbusha.

"Mimi siendi popote. Nimetoka Haneti alfajiri." Raba moja ikapanda juu ya nyingine. "Halafu hayo ya chumbani anayaweza. Nina wajukuu watatu kwake, na wote wana afya."

Wanawake walipiga makofi, wengine wakagonga meza. Walikuwa wanamshangilia mama anayemsifia binti yake. Watu wawili tu ukumbini, mimi na Mwenyekiti, tulijua kwamba anayetoa ushahidi ni mama wa mwenye kitanda. Viatu vya dhahabu vya Mwenyekiti viligeuka kuelekea mlangoni, vikarudi, vikageuka tena.

Wazee wakaitwa ndani, na mshereheshaji akatangaza kwamba sasa mama mzazi atatoa neno kisha amfunue binti yake. Nilisikia kipaza sauti kikigongwa kwa kidole.

"Mbukwenyi," Mama akasalimu, na Wagogo wote ukumbini wakaitikia.

"Kwenye kadi nimeandikwa mama mzazi," alisema. "Kadi imedanganya. Huyu mimi sikumzaa. Niliyemzaa ni marehemu mume wake."

Nilifumba macho, ingawa tayari nilikuwa gizani. Niliwaza, sasa ananisonya mbele ya watu mia na wakwe zangu wapya, na nitakuwa nimestahili.

"Aliletwa kwangu hajui kusonga uwele. Moshi ukimwingia, analia. Kuku akimfukuza, analia. Huyo binti mwenye kucha amemfunda saa moja. Mimi nimemfunda miaka ishirini na sita, na bado. Kwa hiyo nyie watu wa Hombolo mkiona kwake jambo zuri, mjue limetoka Haneti. Mkiona baya, hilo ni la masjala, mkawaulize wenyewe."

Kicheko kilianzia kwa wifi wa Hombolo, kikashika ukumbi mzima, na vigelegele juu yake. Mimi sikucheka. Namjua. Alikuwa bado hajasema alichokuja kusema.

"Sasa kabla sijamfunua, nina neno naye. La kwetu wawili."

Niliona raba zinakuja. Nikasubiri kanga iondolewe. Badala yake ilinyanyuliwa upande mmoja tu, akapiga goti kwa kuguna, na akaingia humo ndani na mimi. Alinukia sabuni ya kipande na moshi wa jikoni kwake. Tulikaa magoti kwa magoti, pua yake karibu na yangu, nje watu wakicheka kwamba mama naye amegeuka mwali.

"Umenificha," alisema kwa sauti ya chini.

"Niliogopa, mama. Ulimsonya yule mkwe wa jirani kwa sababu ameolewa."

"Nani kamsonya kwa kuolewa? Nilisema haonekani tena. Hicho ndicho nilichosema." Aliivuta kanga itufunike vizuri. Nilidhani anatafuta tusi. "Mwanangu ndiye aliyekufa. Mimi sijafa. Nikija kliniki sasa, nafikia wapi?"

Miaka yote niliyomjua sikuwahi kusikia sauti yake ikitetemeka, hata msibani. Wiki mbili nzima nilizodhani ananichoma, alikuwa anazima simu kabla sijamwambia jibu ambalo asingeweza kulibeba. Machozi yalinibubujika, kilemba na poda vyote vikaharibika.

"Chumba kipo, mama," nilimwambia. "Ndilo sharti nililompa kabla sijamkubali. Nilimwambia nina mama, anakuja kila miezi mitatu, anakaa wiki moja ambayo ni tatu. Akasema sawa. Ametoboa dirisha kwake Hombolo, upande wa barabara."

"Barabara ipi?"

"Ile ya kwenda bwawani."

"Watu wanapita?"

"Wanapita."

Alilipima hilo. "Sitaki kitanda kipya. Nataka changu."

"Kilihamia Jumanne. Ndicho kitu cha kwanza nilichohamisha, mama. Mimi mwenyewe bado sijahamisha hata kijiko."

Alichukua pindo la kanga yangu akafuta macho yake, yale mabovu, kisha akafuta na yangu kwa pindo lile lile. Nje mshereheshaji aligonga kipaza sauti akasema, mama, ukumbi unasubiri.

"Usubiri," Mama alimjibu kutoka humo ndani, na mkono wangu hakuuachia.